Kicheko cha Kabla ya Treni

Riwaya ilikuwa ya Ulaya: mke amemwacha mumewe kwa ajili ya askari kijana, watu wanamtenga, mwisho anajitupa chini ya treni. Mwongozaji wetu wa filamu, Aravamudan, aliihamishia kwetu Tenkasi, kusini mwa India, theluji ikawa mvua, na Thenmozhi akapewa kumwigiza mke yule. Hapo ndipo tulipokosea. Thenmozhi naye alikuwa amemwacha mumewe mwaka uleule, na magazeti yalimtafuna kila asubuhi. Mimi ndiye niliyemvisha sari, na niliona alivyokonda.

Jioni ya kuigiza tukio la treni, Thenmozhi akamwambia Sudalai, mpiga picha, "Kaka, nichukue nikicheka sasa hivi. Baadaye tutachelewa."

Kwetu watu wa filamu, mwigizaji aliyeigiza kufa mbele ya kamera hucheka mbele ya kamera hiyohiyo kabla hajaondoka, ili kifo kijue ulikuwa mchezo tu. Hucheka baadaye. Sijawahi kuona mtu akitanguliza kicheko.

"Vizuri, jua linatukimbia," akasema Aravamudan. Thenmozhi akacheka, picha ikachukuliwa. Nikaingiwa na hofu ya kweli.

"Bwana, hivyo haifai," nikasema.

"Kamalam, acha ushirikina wako. Treni haimngoji mtu."

Nikasingizia kwamba sari imelegea. Nikajibanza nyuma ya rundo la mataruma ya reli, karibu na miguu yake, nikauzungusha mtandio wa sari mkononi. Honi ikalia. Alitakiwa kusimama kwenye mstari wa chokaa, kamera ifanye mengine. Akauvuka.

Nikavuta kwa nguvu zangu zote. Sari ikachanika, akaniangukia, mabehewa yakapita yakitupiga vumbi usoni.

"Safi kabisa," akasema Aravamudan, hana habari. "Twendeni tukale."

Lakini Sudalai alikuwa ameona kila kitu. Uso ulimsawijika, na kamera hakuizima. "Kicheko cha kwanza hakihesabiki," akasema. "Acheke tena."

Thenmozhi alikuwa bado mapajani mwangu. "Siwezi, dada."

"Basi tutakaa hapahapa. Biriani ipoe, watu wakutukane," nikamjibu.

Hakuna aliyeondoka. Thenmozhi akautazama mkono wangu, bado umekamata kitambaa kilichochanika.

"Sari ya watu hiyo umeichana," akasema. "Produsa atakuua."

"Akiniua, nami nitacheka baadaye."

Mdomo ukamcheza. Akacheka, machozi yakimtiririka, na Sudalai akaendelea kuchukua mpaka filamu ikamwishia.