Mlango wa Nyumba ya Bibi Leung

Chebet alikuwa amedanganya mara moja tu asubuhi ile. Bibi Leung alipouliza mgeni mwenye kamera ametoka wapi, Chebet alijibu upesi, "Korea." Ilikuwa Aprili 2005. Jumapili iliyotangulia umati ulikuwa umejaa barabara za Guangzhou, kusini mwa China, ukiwalaani Wajapani. Angesema nini?

Haruyo, mtengeneza filamu kutoka Osaka, hakuujua uongo huo. Hakuwa na kampuni wala bosi; alikuwa na kamera yake na picha aliyoikuta kwenye kopo la biskuti baada ya kumzika babu yake. Pichani babu, kijana mwenye sare za jeshi, amesimama mbele ya mlango wa nyumba. Mlango wenyewe ulikuwa huu, kichochoroni nyuma ya Yide Lu, mtaa ambako Chebet alizoea kununua midoli ya kupeleka Nairobi. Miaka sita ya kuvutana bei ilikuwa imempa Kikantoni, lugha ya mji ule, cha kutosha kumtafsiria Haruyo kwa Kiingereza.

"Askari wa Kijapani walilala humu ndani wakati wa vita," Bibi Leung alisema. "Nilikuwa na miaka kumi na mmoja. Siku moja wakamchukua kaka yangu, Ah Keung, akawabebee mizigo. Hakurudi. Mama alimpakulia wali kila jioni, miaka miwili."

Haruyo akaitoa picha kwenye begi. Chebet akamdaka mkono.

"Irudishe, dada! Nimemwambia bibi wewe Mkorea."

Alikuwa amechelewa. Jirani mmoja aliyekuja kutazama, mwanamume mwenye kifua kipana, alikuwa ameshachukua kaseti ya kamera mezani na kuisoma lebo yake.

"Haya si maandishi ya Kikorea," alisema, akasimama mlangoni. Nyuma yake majirani walianza kusongamana.

"Waambie ukweli," Haruyo alisema.

"Wewe una ndege Alhamisi. Mimi naishi hapa!"

"Basi niambie nitamkeje, niseme mwenyewe."

Chebet alimtazama kwa hasira, kisha akamgeukia bibi, akasema yote: Ujapani, babu, mlango. Yule mwanamume akaishika kamera.

"Iache," Bibi Leung alisema. "Hii nyumba yako?"

Mwanamume akaiachia. Bibi aliichukua picha, akaisogeza karibu na macho.

"Sijui kama ndiye aliyemchukua. Wote walivaa kofia." Akainuka kwenye kiti chake. "Akae hapa. Kamera imtazame yeye. Aseme jina la kaka yangu na yaliyompata, kwa Kijapani, ili kwao wasikie."

Haruyo akakaa. Chebet ndiye aliyeshika kamera. Haruyo akasimulia, na kila alipolitaja jina vibaya bibi alimkatiza: "Ah Keung. Rudia." Mara nne. Safari ya mwisho Haruyo alilitamka huku analia. Bibi hakumbembeleza, wala chai hakuwapa. Picha alibaki nayo.

Majirani wakawapisha. Barabarani Haruyo aliomba radhi.

"Ungeniuliza kwanza kabla ya kuitoa picha," Chebet alisema.

"Na wewe ungeniambia."

Wakaachana hivyo, bila kupeana mkono. Jumatatu muuza midoli wake wa siku zote, habari zikiwa zimemfikia, alimgeuzia mgongo. Chebet akavuta kigoda, akakaa mbele ya duka la muuzaji, akangoja. Ilipofika saa sita mchana, yule bwana aliuliza, bila kumtazama, "Unataka katoni ngapi?"