Shahidi wa Tatu wa Neno Blanketi

Mama alibakiwa na kadi moja. Kadi mia mbili za marehemu mwanawe zilikuwa zimeshapata mashahidi na kuingia kwenye kamusi. Hii moja ililala peke yake mezani kwa mama, na mtu wa kiwanda cha uchapaji alikuwa anakuja saa tisa alasiri.

Kamusi hiyo ya maneno ya Kiingereza ilimla mama miaka tisa. Kila neno lilikuwa na kadi nyeupe kwa maana ya vitabuni, na lililokuwa na maana ya mitaani liliongezewa kadi ya njano. Nyeupe alizijaza mwenyewe, maana ndiye mhariri mkuu, na Kiingereza alianza kukifundisha nywele zake zikiwa bado nyeusi tii. Za njano alizileta mwanawe, kinyozi mwenye masikio ya paka, aliyeokota maneno huku wembe uko shingoni mwa mteja. "Hakuna anayenidanganya nikiwa na wembe," alikuwa akijisifu.

Sharti la mashahidi alilitunga mama, na alilisimamia kama askari wa lango. Maana ya mtaani haiingii mpaka watu watatu wailetee sahihi, kila mmoja akiandika alimsikia nani, wapi, siku gani. Aliyeileta hahesabiwi. Mhariri haruhusiwi kushuhudia.

"Maza, hata mimi hunionei huruma?" kijana alilalamika mara nyingi.

"Kamusi haina mtoto," alimjibu.

Sasa kijana alikuwa na miezi minne kaburini, na hakuna mtu aliyewahi kuona chozi la mama huyo.

Kwenye kadi nyeupe ya neno *blanket* aliandika: nguo nzito ya kujifunika. Kwenye ya njano, kwa mwandiko uliolala upande, kijana aliandika: "Uongo mtamu anaopewa mtu ili asiumie haraka. Mfano: usinipe blanketi, niambie ukweli." Chini yake palikuwa na sahihi mbili, ya muosha magari na ya fundi viatu, rafiki zake wa kufa na kuzikana.

Asubuhi hiyo mama aliwafuata kijiweni kwao, maji ya sabuni yakimpita miguuni.

"Shikamoo mama."

"Marahaba baba. Nani mwingine hapa anatumia neno blanketi?"

Muosha magari alijifuta mikono kwenye suruali. "Hakuna, mama. Lilikuwa letu watatu. Alilianzisha yeye."

"Muandike shangazi yangu," fundi viatu akadakia, msumari mdomoni. "Yule anasaini chochote. Hata ndoa yake ya tatu alisaini bila kusoma."

Muosha magari alicheka, kisha akamkumbuka marehemu, akauma mdomo.

"Shangazi yako amewahi kulisikia?" mama akauliza.

"Atalisikia leo jioni."

"Basi hajalisikia."

"Lakini mama, nani atajua?"

"Mimi."

Alirudi ofisini mikono mitupu. Mhariri msaidizi, mzee mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi, alimvutia kiti.

"Dada, liache. Kati ya maneno elfu kumi na mawili, moja likikosa maana ya mtaani nani ataiulizia?"

"Mimi nimelisikia."

"Wewe huhesabiki, dada. Sharti ni lako."

"Najua." Mama alivuta sampuli ya jalada, jina lake likiwa limekaa juu kwa herufi nono. Akaweka rula chini ya kalamu, akalipiga mstari.

"Una wazimu? Miaka tisa!"

"Kuanzia sasa mimi si mhariri wa kitabu hiki. Andika barua nisaini."

"Tuseme tumelegeza mara moja tu. Mtoto mwenyewe hayupo!"

"Nikimpendelea leo, basi nilimnyima bure alipokuwa hai."

Mzee alivua miwani. "Lakini ulilisikia ukiwa mhariri."

"Nililisikia nikiwa mama wa mgonjwa."

 Mzee aliandika barua, mama akasaini, kisha akaivuta kadi ya njano. Aliyesema: mwanangu. Mahali: wodini, kitanda cha dirishani. Siku: Jumanne. Kwenye mstari wa mfano kalamu ikagoma.

Jumanne hiyo daktari alikuwa ametoka tu, akisema damu inaanza kukaa sawa, wiki ijayo mgonjwa atakwenda nyumbani. Mama alikuwa akikunja mashati kuyatia mkobani. Kijana alimtazama.

"Maza, acha kukunja. Daktari kakupa blanketi."

"Nyamaza, usimvunjie mtu heshima," alimwambia, na akaendelea kukunja.  Kijana aligeuzia uso dirishani, akasema taratibu, "Haya maza. Kunja." Alhamisi akafa.

Mama aliandika maneno yale matatu jinsi yalivyotamkwa: Daktari kakupa blanketi. Akaweka sahihi.

Saa tisa mtu wa uchapaji alibisha hodi, akaingia na bahasha yake, akaona jalada.

"Hili jina limekosewa?"

"Hapana," mama akasema. "Huyo ameacha kazi."

Kisha akalaza kichwa juu ya meza, akalia kwa sauti, kilio cha miezi minne. Wanaume wawili walisimama pale pale, mmoja na miwani mkononi, mwingine na bahasha, na hakuna aliyethubutu kumwambia kwamba yatapita.