Jicho la Kushoto la Bingwa

…panua vidole, mjomba, ndiyo hivyo, alisema kocha, na bingwa akapanua vidole vya mkono wa kulia huku bandeji ikizunguka kiganja, miaka kumi na mmoja sasa anafungwa na mikono ile ile, mikono ya kaka wa mama yake, yeye humwita kocha mjomba, na kocha naye humwita mjomba, na nje ukumbi ulishaanza kupiga miguu sakafuni, jua la alasiri likipenya kwenye kidirisha juu ya makabati, aliliona kwa jicho la kulia tu, la kushoto lilikuwa na kitu kama pazia la maji machafu, kilianza kwa chembechembe nyeusi baada ya lile pambano la mwezi wa tatu, akadhani uchovu, kumbe pazia linashuka, na juzi binti yake alimletea chai kutokea upande huo akaigonga kwa kiwiko, mtoto akasema baba, hukuniona, akamjibu nilikuwa nawaza tu, mwanangu, na mkewe akanyanyua uso kutoka kwenye pasi… umelala vizuri? kocha aliuliza, nimelala, akajibu, uongo mtupu, kama ule aliomwambia daktari wa chama cha ngumi, ziba la kulia usome, naye akazitiririsha herufi zote maana alizikariri akiwa kwenye foleni, mlango wazi, daktari akagonga muhuri kisha akaomba wapige picha na mkanda wa ubingwa, wakacheka wote, na yeye akacheka… huyu wa leo anategemea ngumi ya kulia, kocha alikuwa akiendelea, kwa hiyo usisimame, zungukia kulia kwako, muda wote kulia kwako, umenisikia? na bingwa akaitikia ndiyo, halafu akalirudia neno hilo moyoni, kulia, mbona tangu mwezi wa nne ni kulia tu, miaka yote alifundishwa kuzunguka kote kote, na gunia la mazoezi nani alilisogeza hadi ukutani ili kushoto kwake asipite mtu, na mjomba mwenyewe, aliyezoea kukaa popote, lini alianza kuvuta kiti chake upande huu wa jicho zima, asubuhi hadi jioni, hata kwenye gari… basi anajua, miezi yote hii anajua, na mimi nikijitia mjanja, nikijibana nisipepese, yeye anajua na bado ananifunga bandeji, anazikaza vizuri kama siku zote, ananipapasa vidole asinibane damu, mtu huyu aliyenilea, akamtazama utosi ulioota mvi, akataka kukasirika, hasira haikuja, kilichokuja kilikuwa woga ambao hakuwahi kuupata mbele ya mpinzani yeyote, kwamba hakuna atakayemsimamisha asipande ulingoni, wala chama, wala mjomba, kazi hiyo ni ya kwake peke yake… lete mkono wa kushoto, mjomba, alisema kocha kwa sauti ya chini, bila kuinua macho, akiwa ameshika bandeji ya pili, na bingwa hakuutoa.