Kipimo cha Mwalimu

Baba yake Mwalimu alikuwa karani wa mahakama, na babu yake mtunza ghala. Wote wawili waliheshimika, wala hakuna aliyewahi kutia tumbaku mdomoni. Katika ukoo ule kiberiti kiliwashiwa taa na jiko tu. Mwalimu mwenyewe, aliyekemea madarasa kwa miaka arobaini, aliyarithi mapafu yale safi kama wengine wanavyorithi shamba.

Ndiyo sababu alisimama mbali na mafundi, leso puani, gari lake lilipokata roho mlangoni mwa gereji saa tano usiku. Saa mbili asubuhi mjukuu wake, aliyekuwa naye safarini, angekula kiapo cha udaktari katika mji wa pili, na Mwalimu aliahidi kumfikisha kwa gari hilo hilo. Kwake, neno likishatoka halimezwi.

"Linavuta upepo, mzee wetu," alisema fundi mkuu, aliyeitwa Kifua, sigara ikining'inia mdomoni. "Kuna mpira umetoboka, hauonekani. Mpaka tulipige kipimo."

"Basi lipigeni! Mnangoja nini?"

"Kipimo chenyewe kinataka mtu."

"Kikitaka mtu, nitakishika mimi. Nimesema."

Mafundi watatu wakatazamana. Kifua akachomoa sigara nyuma ya sikio, akamkabidhi kwa mikono miwili, kama anayetunuku cheti.

"Nini hiki?"

"Kipimo, Mwalimu. Unavuta, unapuliza moshi ndani ya bomba hili. Utakapotokea, ndipo penye tundu."

"Pulizeni ninyi! Si mnavuta tangu magharibi?"

"Ndiyo taabu yenyewe, mzee," alisema fundi umeme, akakohoa hadi kofia ikaanguka. "Pumzi zetu haziendi mbali."

Kifua akajaribu, moshi ukamrudia machoni. Fundi umeme akapuliza, akaketi juu ya tairi, akaomba maji. Wa tatu alipuliza mara moja tu, akaanza kutubu.

Mwalimu akatazama saa yake. Akavua koti, akalikunja kwa mistari yake, akawaomba radhi marehemu baba na babu yake kwa majina yao kamili. Kisha akavuta, akapuliza kwa pumzi ile ile iliyokuwa ikinyamazisha shule nzima. Moshi ukatoka chini ya injini, penye tundu. Ukatoka pia kwenye redio, kwenye taa ya kushoto, na, mafundi wanaapa mpaka leo, kwenye boneti ya lori lililoegeshwa jirani.

"Hapo hapo!" walishangilia.

Mjukuu, aliyemletea chai, alimkuta kidole juu, sigara mkononi, akiwasomea mafundi madhara ya tumbaku.

"Babu! Unavuta?"

"Napima."

"Hata sisi huwaambia wake zetu hivyo hivyo," alisema Kifua.

Mpira ulibadilishwa, wakafika saa moja na nusu. Mjukuu alikula kiapo mbele ya wakuu wa chuo, na babu yake akakaa safu ya mbele, wima, akinuka kama kiwanda. Majirani zake wakasogea viti viwili.

Sikieni, vijana: tunzeni vifua vyenu, msije mkaazima pumzi kwa wazee. Na mtu asiape kushika kitu kabla hajauliza wenye kazi wanakiitaje. Mmesikia? Basi itikieni.