Hakuna Daftari, Hakuna Namba

Krr. Krr. Krr.

Niliusikia mlio huo nikiwa bado kwenye ngazi, nikazipanda zilizobaki mbilimbili. Mchoraji ramani yeyote anaujua: ni wembe unaokwangua wino uliokauka juu ya kitambaa. Ukiusikia asubuhi, kabla hata madirisha hayajafunguliwa, ujue kuna mahali panaondolewa duniani.

Nikasukuma mlango. Mzee Wino, mkuu wa wachoraji, alikuwa ameinama juu ya meza. Meza yangu. Ramani yangu.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba." Hakuinua kichwa. "Na usinitazame hivyo. Nimeagizwa."

Ilikuwa Jumatano. Ijumaa bendera ya wakoloni ingeshuka na yetu ingepanda, na kwenye meza ya kutia saini ingewekwa ramani moja ya nchi mpya, na visiwa vyake vyote. Nilikuwa nimeichora miezi mitano kwa mkono wangu. Sasa kule chini kabisa, kusini, palipokuwa na jina la kisiwa cha mwisho, palibaki ukungu wa kijivu.

"Jina nimelitoa," alisema Mzee Wino, akapuliza unga wa wino. "Ardhi yenyewe mkono umekataa. Bwana Rula kasema umalizie wewe. Pale pawe bahari tu."

"Kwa nini?"

"Wakoloni wanabaki nacho, kwa ajili ya meli zao za vita. Sisi tuchukue vingine tushangilie. Na kitu kisichokuwepo kwenye ramani, mwanangu, nani atakidai?"

Nikakaa. Kwenye ramani kisiwa chenyewe hakikuzidi ukucha wa kidole gumba. Juu ya ukucha ule ndipo alipozaliwa bibi yangu, mzaa mama.

Mwaka uliotangulia ilikuja meli kule kwao. Watu wote wakaambiwa wapande waende mjini kupimwa vifua, wiki mbili tu, kisha watarudishwa. Bibi aliacha maharage yameloweka kwenye sufuria. Wiki mbili zikawa mwezi, mwezi ukawa mwaka, na tangu hapo yeye analala kitandani kwangu na mimi nalala chini. Kila asubuhi nikivaa viatu huniuliza, "Mume wangu, leo unapita bandarini? Niulizie meli. Yale maharage yatakuwa yameota mpaka mlangoni, nitakosa pa kuingilia." Hata asubuhi ile alikuwa ameniuliza. Na sasa nilitakiwa nimwage bahari juu ya mlango huo.

Bwana Rula aliingia saa mbili kamili. Alikuwa na jina lake refu la kwao, lakini sisi tulimwita hivyo kwa sababu ya rula ya chuma aliyotembea nayo kwapani. Haikupima karatasi tu. Vidole vyetu navyo vilikuwa vinaijua. Lugha yetu aliizungumza vizuri, vizuri kuliko alivyotuheshimu.

"Bado?"

"Bado nini, Bwana?"

"Kile kisiwa. Kwangua, halafu jaza namba."

"Namba gani?"

"Yoyote! Pima kumi na mbili. Kumi na tano. Zifanane na za jirani, basi."

Bahari ya ramani haichorwi, inaandikwa. Kila penye maji pana namba inayomwambia nahodha kina ni pima ngapi, kila pima urefu wa mikono miwili iliyonyooshwa. Mahali peupe, pasipo namba, panavuta jicho kama pengo la meno ya mbele. Kwa hiyo kukwangua ardhi kusingetosha. Alitaka niwadanganye hata manahodha.

Hapo ndipo vidole vyangu vilipokumbuka. Wiki yangu ya kwanza kazini niliandika namba moja kwa kukisia. Bwana Rula akanichapa vidole vyote kumi, kisha akanisimamisha juu ya stuli mbele ya wenzangu niseme mara hamsini: hakuna daftari, hakuna namba. Maana yake ni kwamba kila kina lazima kiwe na ukurasa wake katika daftari la mpimaji, yule aliyeshusha kamba majini kwa mkono wake. Nilisema mara hamsini, nikashuka, nikajiapia kwamba sitalia mbele yake. Sikulia. Lakini somo nililishika.

Nikaweka kalamu mezani.

"Niletee daftari, Bwana."

"Daftari gani?"

"La aliyepima hapa akapata pima kumi na mbili. Nataka ukurasa, tarehe, na jina lake."

Uso wake ukaanza kuiva kutokea shingoni. "Unanichezea wewe?"

"Wewe ndiye uliyenifundisha. Hapa hakuna aliyeshusha kamba. Angeishusha ingeangukia mlangoni kwa bibi yangu."

"Hakuna mtu anayeishi pale!"

"Yupo. Kwa sasa analala kitandani kwangu, na anakoroma."

Nyuma yangu nikasikia mtu akisafisha koo.

"Hakuna daftari, hakuna namba," alisema Mzee Wino, polepole, kama mtu anayejisemea peke yake. Tangu nianze kazi pale sikuwahi kumsikia akimwambia bwana yule neno zaidi ya ndiyo. Bwana Rula naye hakuwahi. Aligeuka akamtazama kana kwamba kabati limezungumza.

"Sogea," akaniambia, akaunyakua wembe.

Kukwangua ni kazi ya pumzi. Unaulaza wembe, unagusa tu, unapumzisha mkono. Kitambaa cha ramani kinakusamehe mara moja, na pembeni pale, palipokuwa na jina, Mzee Wino alikuwa ameshapita. Bwana Rula aliukandamiza kama anayemenya muhogo. Krr. Krr. Kisha ukaja mlio mwingine, mrefu, ambao hakuna mchoraji anayetaka kuusikia.

Kitambaa kilichanika kuanzia kusini hadi katikati ya nchi. Kwenye tundu ukaonekana ubao wa meza.

Mzee Wino akatazama dari.

"Ona ulichofanya!" Bwana Rula alinifokea, wembe ukiwa mkononi mwake. "Umefukuzwa!"

"Nimesikia."

Akamgeukia Mzee Wino. "Na wewe utachora nyingine. Kesho jioni niione hapa!"

"Kazi ya miezi mitano, Bwana?" aliuliza Mzee Wino kwa upole. "Halafu macho yangu yameanza kunisumbua."

"Tangu lini?"

"Tangu sasa hivi."

Nikachukua kalamu zangu mbili na chupa ya wino niliyoinunua mwenyewe. Nilipofika mlangoni Mzee Wino akaniambia, "Msalimie bibi," kwa sauti ya kusikika chumba kizima. Nikashuka ngazi. Barabarani mafundi walikuwa wakifunga vitambaa vya rangi kwenye nguzo, nami nikapita katikati ya njia, kifua mbele, kama vile vimefungwa kwa ajili yangu.

Bibi alikuwa kizingitini anachambua mchele.

"Saa hizi? Unaumwa au umefukuzwa?"

"Nimefukuzwa."

"Afadhali. Ungeumwa ningepata kazi mimi."

Nikamweleza yote. Alinisikiliza bila kunikatiza, jambo ambalo hajawahi kunifanyia tangu nizaliwe. Nilipomaliza akauliza, "Namba gani hiyo waliyotaka?"

"Pima kumi na mbili."

"Juu ya nyumba yangu."

"Juu ya nyumba yako."

"Na babu yako pale alipolala?"

"Na babu, Bibi."

Akauweka ungo chini. "Lete karatasi."

Karatasi haikuwepo. Nikaishusha kalenda ya ukutani, nikaigeuza, tukaitandika sakafuni. Ukingo wa kisiwa niliuchora bila kutazama popote. Mkono wangu ulikuwa umeshaupita mara nyingi mno. Lakini ndani ya ukingo sikujua kitu, na yeye alijua vyote.

"Kisima kiko upande huu, wewe! Hapo umechimba kwenye choo cha jirani."

Tukaweka kisima. Tukaweka nyumba moja moja: ya seremala, ya mkunga, ya yule mwenye mbwa mkali, shule ya chumba kimoja, makaburi na idadi yake. Kufikia alasiri ukucha ule ulikuwa umejaa hadi pembeni. Chini, kwenye kona, nikaacha nafasi kama kazi inavyotaka.

"Hapo anaandikwa nani?"

"Aliyepima."

"Basi ni mimi. Nimekipima kwa miguu miaka sitini na minane." Akachovya kidole gumba katika wino wangu, akakikandamiza pale, kisha akakifuta kwenye shati langu bila kuomba ruhusa.

Tukaitazama. Nikasema haraka, "Bibi, nakuahidi, maharage yako..."

"Koma. Maharage yamekufa, nami si mtoto. Usiniahidi meli usiyokuwa nayo. Niahidi kitu unachokiweza."

Nikaikunja kalenda, nikasimama.

"Ijumaa, Bibi, kabla hawajashika kalamu zao, nitaiweka hii juu ya meza yao. Waje askari, aje Bwana Rula na rula yake, sitatoka pale mpaka mmoja wao anitazame usoni na aseme mbele ya watu wote kwamba wewe hukuzaliwa."

Akanionyesha mlango kwa kidevu.

"Sema tena," alisema. "Kwa sauti. Majirani wasikie."

Nikaufungua mlango, nikasema tena.