Chapuchapu Alipokawia

Dada yangu walimwita Chapuchapu kwa sababu ya mkono wake kwenye cherehani. Ukimletea kitambaa asubuhi, jioni unavaa. Halafu akakawia.

Kwetu watu hukawia. Kila mtaa una wawili watatu. Hawaumwi, wala hawajalala. Ni akili inayoanza kwenda polepole, na mwili unaifuata. Kwanza dada alichelewa kuitika. Baadaye ukimsalimia asubuhi, salamu inajibiwa wakati wa kuanua nguo. Mwishowe akabaki ameketi mbele ya cherehani, mguu kwenye pedeli, vidole vimeshika pindo la gauni la bibi harusi. Sindano huioni ikishuka. Unakuja kuona tu kwamba imeshuka. Nywele hazikui, chakula hataki. Tulimpangusa vumbi kwa kitambaa laini, hadi kwenye kope, kama unavyopangusa picha.

Mwenye gauni alilifuata mara kadhaa. Mara ya mwisho aliegemea mlango, akamtazama dada weee, akasema, "Haya, fundi. Harusi imepita, na ndoa yenyewe imepita. Gauni bado." Mama alicheka mpaka akajifuta machozi.

Kuna mwanamke anayepita nyumba hadi nyumba kuwaangalia waliokawia. Ndiye aliyemweleza mama namna ya kufanya. Alisema kwa dada siku yetu nzima ni kufumba na kufumbua. Anayepitapita chumbani, dada hamwoni kabisa. Ila mtu akikaa mahali pamoja, na nguo ileile, kila siku, huyo ataonekana. Na aliyekawia hurudi kwa kumfuata anayemwona.

"Kiti kisibaki kitupu," alisema. "Akikiona kitupu, hana wa kumrudia."

Mama akashonesha magauni mawili ya kijani yanayofanana, moja la kuvaa wakati lingine linakauka. Kila kulipokucha aliketi mkabala na cherehani, mikono magotini, hadi mwanga ulipotoka dirishani. Mimi nilipika, nikafua, nikamlisha palepale. Aliketi masika, akaketi kiangazi, mwaka ukaingia na mwingine ukatoka.

Dada alimwona. Macho yake yaliinuka kutoka kwenye pindo, msimu mzima, yakatua kwa mama, na mama siku hiyo hakutaka hata kula kwa furaha. Lakini nyusi nazo zikaanza kupanda, na mdomo ukafunguka. Nilimuuliza mwangalizi dada anaogopa nini. Akaniambia nimtazame mama vizuri.

Nikamtazama. Kichwa cheupe, mashavu yameingia ndani, bega moja limeshuka. Dada alikuwa anamwona mama yake akinyauka mbele ya macho yake, kwa muda wa kuvuta pumzi chache.

Sikumwambia mama. Aliniuliza mwenyewe, "Huyu ananishangaa nini?" Nikasema labda gauni halimpendezi.

"Basi aje anishonee jingine," akasema.

Mama alifia kitini, mchana. Mwangalizi alikuja mbio, akanishika mkono, akanong'ona kwamba tusimwinue kwanza. Nikaenda kuvaa gauni la pili. Baba mdogo alipomwinua mama upande huu, mimi niliketi upande ule, kiti bado kina joto lake. Alizikwa alasiri ileile. Nilisikia viatu vya watu vikitoka uani, mtu mmoja akikohoa, halafu kimya. Sikwenda. Niliweka mikono magotini.

Nimefanana na mama, kila mtu anasema. Nyusi za dada zikaanza kushuka. Pembe za mdomo zikajikunja, na ilichukua kiangazi chote kuwa tabasamu. Machoni pake, mama yake alikuwa amezeeka ghafla, na ghafla zaidi amerudi ujanani. Nilikaa mbele ya tabasamu lile nikijua halikuwa langu.

Lakini alikuwa anarudi. Sindano ikaonekana ikitembea. Kope zikapiga. Asubuhi moja cherehani ikalia, tak, tak, na sauti yake ikatoka, nzito, ndefu.

"Mama, umenitisha. Nilikuona unazeeka."

Mwangalizi alikuwa amenionya nisimwambie mimi ni nani mpaka dada asimame kwa miguu yake. Ilibaki kidogo tu. Ningeitika, angefika. Lakini watu wote walikuwa wamemlilia mama isipokuwa sisi wawili, na kuitika badala yake kulinishinda.

"Ni mimi, mdogo wako," nikasema, nikivuta kila neno ili limfikie. "Mama tumemzika."

Tabasamu likaondoka. Akavuta pumzi aulize, na katikati ya kuuliza mguu ukalegea kwenye pedeli, sindano ikasimama hewani. Neno alilolianza ni "lini". Bado analisema. Sauti imejaa chumba, ya chini, kama nyuki aliyejengewa ndani ya ukuta. Wageni huangalia dari wakitafuta inakotoka.

Mwangalizi hakunigombeza. Alisema tu kwamba sasa hajui dada atarudi kwa nani.

Gauni la kijani nimelikunja. Ninaketi na nguo zangu, zilezile kila siku, nywele nimefunga ninavyozifunga mimi. Macho ya dada yalikuwa yameanguka sakafuni. Wiki iliyopita yalifika magotini pangu, yakakaa sana kwenye mikono. Leo yako kwenye kola, na yanapanda. Nimeinua kidevu ili aupate uso wote.