Mlango wa Chumba cha Sindano

"Huo mlango unaupeleka wapi?" aliuliza askari wa mahakama.

"Ndani."

"Ndani milango ipo, dada."

"Huu ni shahidi," alijibu Randa, akiushusha kichwani.

Mtaa ulimwita Randa kwa jina la kifaa cha kulainishia mbao alichorithi kwa baba yake, maana hakikumtoka mkononi. Nyuma yake shangazi, aliyeshika ncha ya pili ya mlango na kulalamika njia nzima, alijifuta jasho kwa kanga. Keshokutwa, Alhamisi, mashine ya kijiko ingekuja kubomoa mabanda kumi na moja yaliyokuwa kwenye kiwanja cha serikali, na la kwanza lilikuwa lao. Humo Randa alichonga mbao miaka kumi na tisa, na humo ndimo walimolala. Karatasi ya kuwahamisha waliikuta Ijumaa iliyopita, imebandikwa mlangoni, ikiwa na tarehe ya mwezi mzima nyuma.

"Walipewa siku thelathini, mheshimiwa, kama sheria inavyotaka," alisema ofisa wa ardhi, akinyoosha picha. "Tulibandika tarehe tatu mwezi uliopita. Mlango wenyewe huu hapa."

Hakimu, mama mwenye miwani iliyomshuka puani, aliitazama picha, kisha mlango wa kijani ulioegemezwa ukutani. "Ndio huu?"

"Ndio huu, mheshimiwa. Hata kiraka cha kitasa kinaonekana."

"Na wewe fundi, unadai ardhi ni yako?"

"Hapana, mheshimiwa. Ardhi ni ya serikali, sibishi." Alisogea mbele. "Nadai kuambiwa mapema na kusikilizwa. Hata kuku huambiwa 'shii' kwanza."

Kisha akaeleza, kwa aibu kidogo. Mganga hajigangi: miaka yote hiyo aliwatengenezea watu milango huku banda lake likifungwa kwa gunia, na majirani wakimcheka. Wiki iliyopita zahanati ya serikali ilitanua mlango wa chumba kimoja ili kitanda cha magurudumu kipite. Mlango mpya aliutengeneza yeye. Ule wa zamani wakampa, akaufunga kwake Jumatano.

Akaugeuza. Upande uliotazama ndani ya banda, kwa rangi nyekundu, kulikuwa na neno moja: SINDANO. Akatoa na barua ya muuguzi mkuu, yenye muhuri, ikitaja siku ulipong'olewa.

Hakimu aliisoma mara mbili. "Tarehe tatu, bwana ofisa, mlango huu ulikuwa wapi?"

"Vijana wangu ndio waliobandika, mheshimiwa..."

"Walibandika kwenye chumba cha sindano?"

Watu waliangua kicheko. Shangazi alicheka mpaka askari akamnyooshea kidole.

"Alhamisi hakibomolewi kitu," alisema hakimu. "Mkikitaka kiwanja, toeni notisi upya, mhesabu siku kwa haki, na mwende mkawasikilize hawa watu kabla ya kugusa msumari mmoja."

Randa aliukumbatia mlango wake. Hakuwahi kufurahi hivyo maishani, hata siku alipouza kabati lake la kwanza.

Nje, walipojitwika tena mzigo wao, shangazi aliuliza, "Kwa hiyo bado watakuja?"

"Watakuja, shangazi. Ila watabisha hodi."

Jumatatu ofisa alikuja kwa miguu, peke yake, na bahasha kwapani. Alibisha mara tatu kabla randa haijanyamaza. Alipewa kigoda katikati ya banda, na watu wa mabanda yote kumi na moja wakajaa hadi nje, wengine wakichungulia dirishani. Akaanza kusoma notisi mpya mbiombio.

"Ngoja, baba," shangazi alimkatiza. "Anza upya. Polepole, na wa nyuma nao wasikie. Tuna maswali."

Ofisa alikung'uta maranda yaliyomganda kwenye suruali, akarudi ukurasa wa kwanza.